Moto wa Kuomba

Jioni ile sikuwa natafuta makubwa. Nilikuwa natafuta moto tu.

Ninyi wa siku hizi mnawasha gesi kwa kidole, hamjui kuomba moto ni nini. Enzi zetu ukiamka ukakuta jivu limepoa, unachukua kigae cha chungu, unakwenda kwa jirani. "Hodi, naomba moto." Anakuchotea makaa mawili matatu, unakimbia nayo nyumbani kabla hayajafa. Na hakuna aliyekunyima. Kumnyima mtu moto ilikuwa aibu kubwa kuliko kumnyima chakula.

Yalikuwa masika ya mwaka ule baada ya kuhamishiwa kijijini. Mji wetu wa zamani ulikuwa juu ya kilima, huko Iyula. Tuliacha migomba, tukaacha mibuni imeanza kuzaa, tukaletwa bondeni kwenye nyumba zilizopangwa kwa mistari kama mahindi ya shule. Mume wangu, Gwakisa, alikuwa mbali, anajenga reli na Wachina upande wa Tunduma. Nyumbani tulikuwa mimi, mama yake, Bibi Ketrina, na mwanangu Lwitiko, ambaye ndiyo kwanza alikuwa anajifunza kusema.

Siku ya kuhama, Bibi Ketrina alitaka kubeba makaa ya jiko lake kwenye chungu. Mgambo akamkatalia.

"Bibi, moto hauingii kwenye lori. Humu kuna magodoro na nyasi. Huko mwendako kuna viberiti."

Hakukosea, kijana wa watu. Lakini mama mkwe wangu alilia njia nzima, ameangalia nyuma, kama mtu aliyesahau mtoto nyumbani.

Tulipofika nikamwuliza, "Mama, unalilia makaa?"

"Siyo makaa, Enesi. Mle ndani mna watu."

Ndipo akaniambia habari za Wamulilo. Mulilo kwetu ni moto. Alisema kabla ya mababu zetu kufika Mbozi, vilima hivi vilikuwa na wenyewe. Walikuwa watu wa moto, mwili wao moto, pumzi yao moto, na miji yao ilionekana usiku toka mbali, kilima kwa kilima. Walifua chuma kwa viganja, na walikuwa na nyimbo zao na watawala wao. Ila hawakuzaa kama sisi. Mama wa Kimulilo akitaka mtoto, alijimega mwenyewe kipande, akakiwasha. Mtoto anakua, mama anapungua.

"Watu husema moto huzaa jivu," Bibi Ketrina alisema. "Waongo. Wale walizaa moto, na ndicho kilichowamaliza. Walipenda mno watoto."

Halafu ikaja mvua ndefu, miaka na miaka. Wachache waliobaki wakashuka kwa mababu zetu kuomba hifadhi, na mababu wakawaweka mafigani. Ndiyo maana moto haukuzimwa kwa maji, uliachwa ulale kwenye jivu lake. Ndiyo maana mwombaji hakunyimwa. Ukimpa jirani kaa, umemsaidia mama mmoja kupata nyumba nyingine.

"Sasa sisi wote tumehamishwa siku moja," akasema. "Vilima vyote. Nani kabaki kule wa kupuliza?"

Mimi nilicheka. Kijijini kila mtu aliwasha kwa kiberiti, tukapika, tukashiba. Bibi Ketrina hakuishi hata kuona mahindi ya kwanza. Alikufa ameikunja mikono kifuani, akilalamika baridi, na mimi nimemfunika mablanketi yote ya nyumba.

Basi, masika yakafika. Mvua ikakamia, haina asubuhi haina jioni. Othmani, mchuuzi wa Tunduma aliyekuwa akituletea viberiti vya Zambia, alikwama huko na matope yake. Duka la kijiji lilikuwa na mizani na kaunta, basi. Nyumba moja ikazimikiwa, ya pili, ya tatu. Mwisho mstari wetu wote ukawa hauna moshi.

Na Lwitiko wangu akashikwa na kifua.

Alikohoa mpaka midomo ikawa ya bluu. Nikimgusa, baridi. Nikimfunika, baridi. Alikuwa na tabia moja, mwanangu: hakulala mpaka ashike ndewe ya sikio langu hili la kushoto, anaiviringa kwa vidole viwili, taratibu, mpaka usingizi umchukue. Siku ile vidole vilikuwa vinateleza, havina nguvu ya kushika. Nikajua nisipopata moto nikamchemshia chochote, nikampasha, nitampoteza.

Nikaenda kwa Priska, jirani yangu.

"Hodi, naomba moto."

"Dada'ngu, hata mimi," akasema. "Tumekula ndizi mbivu tangu jana. Mpeleke hospitali ya Mission."

Mission kwa matope yale, na mito imefurika? Nikatoka nje, nikasimama. Jua lilikuwa linazama nyuma ya mawingu. Nikainua macho kwenye kilima.

Moshi.

Mwembamba kama uzi, unatoka kwenye mahame yetu. Kwenye mji tulioacha.

Sikufikiri mara mbili. Nilimfunga Lwitiko mgongoni, nikachukua kigae, nikapanda. Njia ilikuwa imemezwa na majani. Mvua ilikuwa imepungua, manyunyu tu. Mtoto anakohoa mgongoni, kho… kho… Namwimbia. Ananishika sikio, anateleza, ananishika tena.

Tulipofika kwenye mibuni, kikohozi kikatulia. Na ule mkono ukaacha kunitafuta sikio.

Nikasema, Mungu asante, amepata usingizi.

Nyumba ilikuwa imeanguka upande, lakini jiko la Bibi Ketrina lilikuwa bado limesimama. Ndani mlikuwa na mwanga mwekundu, mdogo. Nikasikia harufu ya chuma cha moto, kama kwa mhunzi, na harufu ya nywele zilizoungua. Nikasikia pia kitu kama mtu anatafuna majani makavu.

"Hodi."

Nikabisha tena.

"Hodi humu. Naomba moto."

"Karibu."

Sauti ilitoka chini kabisa. Nikainama mlangoni. Kando ya mafiga alikaa mwanamke, amenipa mgongo. Alikuwa mfupi wa kimo cha mtoto wa darasa la kwanza, lakini mabega yake yalikuwa ya mtu mzima aliyechoka. Nikadhani ni bibi mmoja wa wale waliokataa kuhama, maana walikuwepo.

"Shikamoo, mama."

Alikuwa anapuliza kitu mafigani. Anapuliza kidogo, anasikiliza. Anapuliza, anasikiliza. Ndivyo unavyofanya kwa mtoto mgonjwa.

Paa lilikuwa linavuja. Tone likamwangukia begani.

Chwaa…

Akajikunja kwa maumivu. Moshi ukapanda begani mwake. Miguu yangu ikataka kukimbia, nawaambia kweli, ikagoma.

"Nina mtoto mgonjwa," nikanong'ona. "Nipe makaa mawili tu."

Akageuka. Uso wake sikuuona vizuri na sitawadanganya. Niliona nyufa, kama udongo uliokauka, na ndani ya nyufa wekundu. Macho yake hayakuniangalia mimi. Yaliangalia mgongoni kwangu.

"Amelala?" akauliza.

"Amelala."

Nikamwona anaangalia mafigani, anaangalia mgongo wangu, anarudi mafigani. Kwenye mafiga palikuwa na kaa moja tu, dogo, linapumua.

"Huyu ndiye wa mwisho," akasema. "Nimemkinga mvua mpaka nimeisha. Paa likianguka, hana mtu." Halafu akanyoosha mikono. "Nipe wako nimpakate. Nimpashe."

Mtu timamu angekataa. Lakini ninyi hamjabeba mtoto wa baridi. Nilifungua mbeleko, nikampa.

Alimlaza Lwitiko kifuani. Akachukua lile kaa kwa vidole, akalibusu, akaliweka mdomoni mwa mwanangu.

Nilipiga kelele.

Jiko likawa giza. Nikasikia nywele zinaungua. Nikasikia yule mwanamke analia, na kilio chake kilikuwa kama kuni mbichi motoni. Halafu…

Lwitiko akapiga chafya.

Akafungua macho, akalia kwa nguvu kama mtoto aliyezaliwa sasa hivi. Nikamnyang'anya, nikamkumbatia. Alikuwa wa moto! Wa moto, jamani, mwanangu niliyepanda naye kilima kama jiwe la mtoni!

"Maji yasimguse," yule mwanamke akasema gizani. Sauti yake ilikuwa imebaki kidogo sana. "Hata ya mvua. Mfunike vizuri. Nitakuja kumwona."

Nikapewa na makaa kwenye kigae, toka wapi sijui. Nikashuka mbio.

Jioni ile ile nilipika. Moto wangu ulikuwa mwekundu sana, hauna moshi. Priska akaja na kigae, "Hodi, naomba moto." Nikampa. Akaja wa nyumba ya pili, akaja wa mstari wa chini. Haukupita muda kijiji kizima kikawa kinapikia moto uliotoka kwangu. Watu waliniita Mama Moto kwa utani, na mimi nilicheka nao, kwa kuwa mtoto wangu alikuwa mzima.

Mzima, lakini…

Hakukohoa tena. Mguse wakati wowote, ana joto la sufuria iliyotoka jikoni. Uji hakuutaka. Nilimkuta anatafuna mkaa, nikajiambia watoto wengi wanakula mkaa. Mvua ikilia juu ya nyasi anaingia uvunguni, anatetemeka. Nilimfuta mwili kwa mafuta ya nyonyo, maji sikumsogezea. Jioni anakaa mafigani, mikono ndani ya jivu, anaongea na moto maneno ambayo mimi sikumfundisha.

Na sikio langu hakulishika.

Kila tukilala namsogezea. Analiangalia tu, kama mtu anayeonyeshwa kitu kigeni. Hapo ndipo nilipojua. Mama unajua. Nilijua ninayemlaza siye niliyemzaa, na nikakataa kujua. Nililia nimeuma kanga ili asisikie. Kwa sababu naye alikuwa mtoto, na alikuwa ameanza kuniita mama.

Alijifunza. Jioni moja nimejilaza, nimechoka, nikasikia vidole viwili sikioni. Vinaviringa taratibu. Aliniona namsogezea kila siku, akaelewa ndicho ninachotaka. Vidole vikaunguza. Nikasikia ngozi inalia, harufu ya nyama yangu mwenyewe ikanijia puani. Sikumtoa. Nilitulia nikamwachia mpaka akalala, na machozi yananitoka. Njoni mliangalie sikio hili. Limekunjamana hivi tangu jioni ile.

Kesho yake Gwakisa akarudi toka kwenye reli.

Alikuja na vitenge vya Zambia na sabuni, amenenepa, anacheka toka mbali. Nilimweleza yote, sikumficha hata neno. Akaniangalia kwa huruma.

"Mama Lwitiko, umekaa peke yako na mzigo mkubwa. Mama amekufia mikononi. Pumzika."

"Gwakisa, maji yasimguse. Niapie."

"Haya. Nimekuapia."

Nikaenda kuchanja kuni, jua linashuka. Nyuma yangu baba akambeba mwanawe kwa mara ya kwanza tangu aanze kutembea. Akaona anawaka. Na mganga wa zahanati ya huko kwenye kambi ya reli alikuwa amewafundisha wote: mtoto akiwaka homa, mtie maji upesi, usingoje, degedege litamwua. Hata mimi ningekuwa yeye ningefanya hivyo. Baba gani anashika mtoto wa moto vile akakumbuka kiapo?

Nilikuwa nafunga mzigo wa kuni nikasikia.

Chwaaaaa…

Nikautupa mzigo.

Nilipokuwa nakimbia niliona moshi wa mapaa yote ya kijiji unakatika. Wote kwa pamoja. Wanawake wakatoka majikoni mmoja mmoja, mikono imejaa unga, wanaulizana, "Kwako umezimika? Na kwako?"

Gwakisa alikuwa amepiga magoti uani mbele ya beseni. Mvuke ulikuwa umemfunika. Mikononi mwake alikuwa na Lwitiko, baridi, midomo ya bluu, vile vile alivyokuwa siku ile ya kilima.

"Nilikuwa nampoza," akasema. "Enesi, nilikuwa nampoza tu."

Nilimchukua mwanangu. Alikuwa mwepesi kama gunzi.

Tulizika kesho yake. Mzee wa kanisa akaomba, watu wakaimba, mvua ikanyesha juu yetu. Jioni ile wanaume walikaa barazani gizani, maana kijiji chote hakikuwa na moto wa kuwasha. Mimi nilikuwa ndani peke yangu, kwenye mkeka.

"Hodi."

Sauti ilitoka chini kabisa.

"Hodi. Naomba moto."

Sikuweza kusema karibu. Akaingia. Alikuwa amepungua zaidi, kimo cha mtoto anayetambaa, amejifunika jani la mgomba kwa ajili ya mvua. Ndani ya nyufa zake wekundu ulikuwa umebaki mstari mmoja.

"Moto hakuna, mama," nikamwambia.

Akatazama mafigani. Akatazama mahali Lwitiko alipokuwa analala. Alielewa, na mimi nikamwona anaelewa, na hilo sijapata kuliona tena kwenye uso wa mtu.

"Baba yake hakujua," nikasema. "Nisamehe. Alimwona anaungua."

"Najua," akasema. "Hata mimi sikukuambia kweli. Wako alikuwa amekwisha kufa ulipobisha. Alikufia njiani, mgongoni kwako. Ukasema amelala."

Nikashika mdomo.

"Wewe ulikuwa na mwili usio na mtu," akasema. "Mimi nilikuwa na mtu asiye na mwili. Nikaona tusikose wote."

Tukalia. Mimi kwa machozi, yeye kwa ile sauti ya kuni mbichi. Nilimlilia wangu niliyembeba maiti nikimwimbia, nikamlilia na wake aliyejifunza kunishika sikio. Sikujua chozi lipi ni la nani. Halafu akaniomba jambo.

"Niruhusu nikae nawe matanga. Kwetu hakuna aliyebaki wa kunilia."

Nikamsogezea mkeka. Nikataka kumshika mkono, akaurudisha nyuma, asiniunguze. Basi tukakaa hivyo, mama wawili. Usingizi ulinichukua nikiangalia ule mstari mwekundu unavyofifia.

Asubuhi Priska aliingia na uji, aliopika kwa moto walioomba kijiji cha pili. Akaniuliza, "Yule bibi mfupi aliyekaa nawe jana ni ndugu wa Gwakisa? Mbona ameondoka bila kuaga?"

Kando yangu, kwenye mkeka, palikuwa na jivu. Kilima kidogo, laini, cheupe kama unga wa muhogo. Mkeka haukuungua hata unyasi mmoja. Nilimkataza Priska asiguse ufagio. Nililizoa kwa mikono yangu mwenyewe, nikalipeleka kwenye kaburi, nikalifukia taratibu pale kifuani.

Watu wana maelezo yao. Mganga wa Mission alisema ni homa ya mapafu. Priska mpaka leo anashikilia kwamba yule alikuwa kikongwe aliyejificha mahame akaja kula matanga. Gwakisa hakuwahi kusema lolote, lakini tangu siku ile hakuoga maji ya baridi, na alipokufa alikuwa ananiomba nimfunike. Na moto wa siku zile? Othmani akaja na viberiti, kila mtu akawasha wake.

Kaburi liko pale nyuma ya mibuni tuliyopanda huku bondeni. Msalaba una jina moja, Lwitiko. Masika yakishika, pote panaloa, pale panatoa mvuke. Na sikio langu hili hupata joto, kidogo tu, kama limeshikwa na vidole viwili. Siku hizo nalala vizuri.

Jana jioni lilipata joto, na mvua haijanyesha. Nikawaita wanangu niliowazaa baadaye, nikawaambia nikifa nizikwe pale pale, wasihangaike kutafuta mahali pengine. Watoto wa mle kaburini ni wawili, na mama mmoja amewalea peke yake siku nyingi.